Lita kwa Kila Mtu Aliyesalimiwa

Mwl. Athanasi Ndalahwa (Mstaafu),
Bariadi, Simiyu.

Kwa Ndugu Mmiliki wa Gari, ambaye pia ni mwanangu Salvatory,
Mwanza.

YAH: MALALAMIKO DHIDI YA GARI LAKO, PAMOJA NA OMBI LA KUBADILI KIPIMO CHAKE

Mwadila, baba. Sisi hatujambo. Mahindi yamesimama vizuri, pamba inaomba mvua kidogo, ng'ombe wanatembea wenyewe kwenda malamboni na kurudi. Mhola duhu, yaani salama tupu.

Nimepokea ujumbe wako wa simu, ule mrefu usio na nukta hata moja. Unasema gari ulilotuachia linakunywa mafuta kuliko trekta, na kwamba mwisho wa mwezi huu utakuja kulichukua na kutuachia bajaji. Nimeusoma mara mbili, mara ya pili kwa sauti ili mama yako asikie. Nilipofika kwenye neno bajaji, aliacha kupeta mchele. Sababu unaijua. Dada yake, Milembe, yuko Lingeka kule Meatu, macho yake yamefifia na safari hawezi tena. Tangu gari hili lije, mama yako humwendea kila mwezi, akamkata kucha, akampikia, wakaimba nyimbo zao za usichana ambazo mimi sijawahi kufundishwa. Hakuna bajaji itakayomfikisha mama yako Monika huko Lingeka huku kiuno chake kikiwa bado ni kimoja.

Kwa hiyo naandika ili gari libaki. Na ili libaki, sina budi kulishtaki kwanza.

Usidhani kwamba siielewi mashine. Nimekisoma kitabu cha gari chote, pamoja na kurasa za kiti cha mtoto mchanga. Injini yako ni ndogo. Pembeni yake wameifungia turbo, yaani feni inayozungushwa na moshi unaotoka, nayo husukuma hewa ndani ili injini ndogo ipate nguvu za injini kubwa. Ukiikanyagia mafuta taratibu, inakunywa kama ndogo. Ukiikanyagia kwa pupa, feni huchangamka, hewa huongezeka, mafuta nayo huongezwa ili yalingane na hewa, na hapo injini ndogo hunywa kama kubwa. Nimewahi kuwafundisha watoto wa darasa la sita mambo magumu kuliko hayo, wakaelewa kabla ya kengele ya uji. Kuelewa si tatizo. Tatizo ni kwamba gari hili lilibuniwa mahali ambapo watu hawasalimiani. Malalamiko yangu ni haya yafuatayo:

1. Gari halitambui kwamba mtu hasalimiwi mbiombio. Kutoka nyumbani kwetu hadi kwenye lami, kila unayemwona barabarani ama nilimfundisha, ama nilimfundisha mwanawe, ama nilimwita shuleni kwa ajili ya utoro wa mjukuu wake. Akina mama wanapiga magoti. Je, nimpite mwanamke aliyepiga magoti kwenye changarawe, nimwachie vumbi usoni, kwa sababu mwanangu wa Mwanza anabana mafuta? Lazima tusimame. Lazima niulize habari za nyumbani, za ng'ombe na za mgonjwa, na baada ya kuuliza lazima nisubiri majibu, la sivyo nimeuliza nini? Muda huo wote injini inanguruma, kioo kiko chini, na kiyoyozi kinapoza pori la Simiyu bila malipo.

2. Kioo cha tarakimu kilichopo mbele ya dereva hakina adabu. Kinaonyesha lita kwa kilometa mia, na kinaonyesha mbele za watu. Tukisimama, kilometa haziongezeki lakini mafuta yanakwenda, hivyo namba inapanda. Siku moja nilimpa nafasi katekista wetu, Ndugu Ndaki, akakaa kiti cha mbele na kumwuliza binamu yako Josia, ambaye ndiye dereva wetu, namba ile ni ya nini. Josia akamjibu, "Hiyo ni ya mzee. Kila akisalimia, inapanda." Ndaki alicheka mpaka kanisani, na nina hakika alilieneza jambo hilo baada ya misa, maana Jumatatu yake mwanamke mmoja aliniamkia akiwa amesimama wima: "Mwadila Mwalimu, kwetu wazima, ng'ombe wazima, nendeni, namba inapanda!" Watu niliowafundisha kusalimia kwa sentensi kamili, mashine sasa inawafundisha kukatiza. Wananihurumia, Salvatory. Sikustaafu ili nihurumiwe na watoro.

3. Gari linajizima lenyewe. Kitabu kinasema ni kwa faida yetu: likisimama, injini inalala, dereva akiachia breki, inaamka. Naliona ni wazo zuri. Lakini tulipofika Binza, hapo Maswa, asubuhi yenye ubaridi, nikasimama kumwamkia muuza duka mmoja, injini ikanyamaza. Wanaume waliokuwa wakicheza bao nje ya duka waliinuka wote kama waliopigiwa filimbi. "Mwalimu, limezima! Josia, weka nyutro, tusukume!" Josia akasema halijazima, linapumzika. Mmoja wao akamwuliza, "Linapumzika limetoka wapi? Si Bariadi tu hapo?" Mwingine akasema gari la mkopo huwa hivyo, linamwogopa mwenye benki. Wakakunja mikono ya mashati, wakasukuma. Josia alipoona bampa inalia, akaachia breki, injini ikaamka yenyewe, wakashangilia na kudai soda. Nilizinunua. Ningewaambia nini? Kwamba walisukuma gari zima? Mama yako alijifunika kanga usoni hadi tulipotoka Maswa. Tangu siku hiyo nimeagiza kitufe cha kulaza injini kizimwe kila tunapoanza safari, na injini yetu sasa inanguruma wazi, kwa heshima, kila mtu akisikia kwamba gari la Ndalahwa ni zima.

4. Turbo inapiga mluzi. Ukikanyaga mafuta ghafla, inatoa sauti kama ya mtu anayemwita mbwa wake kwa mbali. Tulipokwenda Shishiyu kwenye arusi ya Sayi, mtoto wa rafiki yangu Limbu, vijana waliizunguka boneti wakisema, "Josia, liite! Liite hata mara moja tu, bibi harusi asikie!" Josia akakanyaga, gari likaruka kama ndama aliyefunguliwa, turbo ikapiga mluzi, akina mama wakapiga vigelegele. Akarudi kinyumenyume, akakanyaga tena. Wakwe wakadhani ni sehemu ya sherehe, wakaomba lirudiwe wakati wa keki. Unaniandikia kwamba Josia akanyage taratibu, injini ibaki kwenye mizunguko ya chini na feni isiamshwe bure. Ni sahihi kabisa. Basi ungetuletea gari lisiloshangiliwa.

5. Ushauri wako haumjui shangazi wala mama yeyote. Unasema tuondoe keria ya juu, kwa kuwa hata ikiwa tupu inazuia upepo na kulifanya gari livute zaidi. Sijui ikiwa tupu ikoje, hatujawahi kuiona. Huwa ina magunia ya mpunga ya Milembe, tenga la kuku, na godoro la mtu fulani anayeishi njiani. Unasema tupunguze uzito. Tumpunguze nani? Mzee anayetembea kwa mguu kwenda zahanati hapitwi na gari lenye nafasi, na gari lenye viti vitano lina nafasi daima. Unasema tairi zijazwe upepo kama ilivyoandikwa ubavuni mwa mlango, kwa kuwa tairi laini inang'ang'ania barabara na kula mafuta. Mimi ndiye niliyeagiza zipunguzwe, ili mabonde ya huko Meatu yasimfikie mama yako mgongoni. Sasa nakuuliza wewe uliyesoma: kati ya mafuta na kiuno cha aliyekuzaa, kipi kianze kubanwa?

6. Hapa ndipo penye kiini cha barua hii, usome polepole. Kosa kubwa haliko kwenye tangi bali kwenye kipimo. Lita kwa kilometa mia ni kipimo cha watu wanaokimbia kitu. Kwa kipimo hicho, gari linalopita mkoa mzima bila kumwamkia hata kizee mmoja ni gari bora, na gari linalojua habari za kila boma ni mwizi. Nimefikiri kwa makini, nikaona kwamba kipimo cha haki kwa mkoa huu ni lita kwa watu mia waliosalimiwa. Jaribu mwenyewe kugawanya. Gari lako litatoka la kwanza kuanzia Lamadi hadi Mwanhuzi, na wa pili hataonekana. Basi la abiria, ambalo halimsalimii mtu, utalifanyia hesabu gani? Kugawa kwa sifuri hakuwezekani. Ulaji wake hauna kikomo! Na bado serikali inaliruhusu kubeba watu.

Kutokana na hayo, naomba mambo yafuatayo, kwa heshima zote za baba kwa mwanawe. Kwanza, uwaandikie waliotengeneza gari hili, kwa Kiingereza chako, wabadili tarakimu za kile kioo zihesabu salamu. Namba ikipanda, tusifiwe. Pili, mamlaka inayoshughulikia vipimo vya mizani na pampu iarifiwe kwamba kipimo cha zamani hakitumiki tena Simiyu. Tatu, wanaojenga barabara watutengee vituo vya salamu pembeni ya lami, vyenye kivuli na mahali pa kupigia magoti pasipo na changarawe, kwa sababu kusimamisha gari kila hatua chache na kuliondoa tena ndiko kunakoiamsha turbo. Tukikusanya watu mahali pamoja, mafuta yatapungua bila adabu kupungua. Nne, hayo yote yakishindikana, turbo ifunguliwe, niifunge vizuri kwenye gunia, nikutumie kwa basi hadi Mwanza ukae nayo. Gari lililobaki tutakwenda nalo pole pole. Sisi hatuna haraka.

Lakini gari lenyewe lisiondoke hapa. Hilo naliomba bila namba.

Wasalimie wote walio nyumbani kwako: mkeo Veronica, wajukuu kila mmoja kwa jina lake, mlinzi wa getini, na yule jirani yako wa ghorofani ambaye hakunijibu nilipomwamkia kwenye ngazi, mwambie bado nasubiri. Mama yako anakusalimu. Josia anakusalimu, ijapokuwa hastahili. Fundi aliyenieleza habari za turbo anakusalimu na kusema usafishe kichujio cha hewa mapema kuliko kitabu kinavyosema, kwa kuwa walioandika kitabu hawakuliona vumbi letu.

Mimi baba yako, niliye katika haki na katika kiti cha mbele,

Athanasi Ndalahwa.

Baada ya sahihi: Barua hii ilinichukua kutwa ya jana, kwa kuwa niliinakili upya ili mistari inyooke. Kwa sababu hiyo sikwenda Lingeka. Mama yako alikwenda na Josia peke yake, wala hakunisubiri. Kabla ya kuondoka alimwagiza Josia ashushe keria, ajaze tairi upepo kama ulivyoandika, na akiache kile kitufe kifanye kazi yake. Alijikunjia blanketi nyuma ya mgongo, akakaa kiti cha nyuma. Njiani aliwapungia watu mkono na kuwaambia, "Mwalimu atakuja kuwasalimu yeye mwenyewe, kwa urefu!" Wote waliridhika. Kioo cha tarakimu kilionyesha namba ile ile iliyomo kitabuni, na wakati wa kurudi ilishuka chini yake. Josia anaapa kwamba hajawahi kuiona huko.

Hilo ningeweza kulipinga kwa hoja. La pili siwezi. Mama yako anasema walifika Lingeka jua likiwa bado la asubuhi, jambo ambalo halijawahi kutokea. Siku zote tukifika, Milembe huwa amekwisha kuchoka kusubiri, wanashikana mikono kidogo, kisha mimi natazama saa na kusema twende. Jana waliimba nyimbo zote, wakazirudia, na Milembe akalala usingizi mapajani mwa mdogo wake kabla hajaagwa. Mama yako ananieleza haya huku anacheka, lakini nimeolewa naye, yaani ameolewa nami, muda mrefu wa kutosha kuujua ule mcheko.

Kwa hiyo futa namba moja hadi sita. Gari halina kosa, na turbo iache ilipo. Uje mwisho wa mwezi kama ulivyoahidi, ila usilichukue gari. Unichukue mimi, na uwe unafanya hivyo kila mwezi inapofika siku ya Lingeka. Nimekwisha kupanga nguo. Nasikia huko Mwanza kuna watu wengi sana ambao sijawahi kuwasalimu.