Kitalu cha Saba Kiwe Kijani

Jumatatu, 3 Agosti
Balaa! Bibi Mkuu, mtaalamu wa mimea na bosi wetu, katuita bustanini. Ijumaa wageni wanakuja kukagua kitalu cha saba. Baada ya hapo mtunzaji mmoja anabaki, mwingine anaondoka, na nyumba ya kazini anairudisha. Watunzaji ni wawili: mimi na Miwani. Miwani anazijua nyasi zote kwa majina. Simpendi. Mke wangu aliposikia habari hizi alikaa kitandani, akaanza kuzitazama kuta moja moja.

Jumanne, 4 Agosti
Nimekagua kitalu. Nyasi za asili arobaini, zile zinazosifiwa kuishi miaka na miaka, zote zimekuwa rangi ya gunia. Majani yamejikunja. Masuke yamepukutika. Miwani akasema zimelala tu kwa sababu ya kiangazi. Eti uhai umejificha kwenye kitako cha shina, mizizi imeshuka chini kuliko urefu wa mtu, mvua ikinyesha zitachipua. Akaniomba sana nisiziguse. Ahaa! Anataka nisimame mbele ya wageni na kitalu cha maiti. Mimi si mtoto.

Alhamisi, 6 Agosti
Kazi imekwisha! Miwani alimpeleka mkewe kliniki, nikapata nafasi. Nimeng'oa zote arobaini. Mizizi iligoma kutoka, nikaikata kwa shoka. Hapo niliingiwa na wasiwasi kidogo. Mbona kitu kilichokufa kinashikilia hivi? Na ndani ya kitako kulikuwa kweupe, kuna majimaji. Kuoza huko, bila shaka. Nimechoma zote. Nimepanda nyasi za mtaroni, kijani hadi macho yanauma, na vibao vya majina nimevirudisha palepale. Mke wangu nimemwambia aache kufunga mizigo.

Ijumaa, 7 Agosti
Wageni walisifu kijani kile. Kifua mbele! Kisha Bibi Mkuu akapiga magoti. Akabandua jani pale linapokutana na shina. Akasema nyasi zake zina vinyweleo pale, hizi zina kijingozi chembamba tu. Akavuta shina moja kwa vidole viwili, likang'oka na vijizizi vyake vyote. Akasema hizi ni za msimu mmoja. Akauliza zake ziko wapi. Nikamwonyesha jivu.

Hakufoka. Afadhali angefoka. Alisema taratibu kwamba alizikusanya kwa miaka kumi na tisa, na kilima zilikotoka kimeshachimbwa kokoto chote, hakuna nyingine popote. Akachota jivu kidogo, akalifunga kwenye leso. Miwani akamshika mkono, wakaondoka. Nililia nyuma ya banda la majembe. Ila kosa ni la Miwani. Angenieleza vizuri.

Jumatano, 19 Agosti
Tumehamia kwa baba mkwe. Vyumba viwili, godoro letu liko ukumbini. Mzee mwenyewe ana homa. Tangu asubuhi hajasema neno, midomo imekauka, mkono nikiunyanyua unaanguka. Mke wangu anasema kalala tu, kifua kinapanda na kushuka, nimwache apumzike. Maskini, anajipa moyo. Mambo ya aina hii yanataka mtu mwenye uzoefu. Seremala anakuja saa nane kuchukua vipimo vya mzee. Nimemsihi afanye haraka, joto hili si la kungoja.