Ombi la Stika kwa Gari Lisilo na Injini

Kwa Mkuu wa Ofisi ya Usajili wa Magari,
Ghorofa ya pili, mlango ulioandikwa "Vuta" ambao husukumwa.

Mheshimiwa Mkuu,

KUHUSU: KUCHELEWESHWA KWA USAJILI WA GARI LA BABA YANGU KWA SABABU ZISIZO ZA MSINGI, IKIWEMO KUKOSA INJINI

Pokea salamu zangu na za familia yangu yote, isipokuwa mke wangu, ambaye amesema zake atazileta mwenyewe.

Mimi ni fundi wa makochi. Si mtu wa kuandika barua, na ungeniuliza mwaka jana ningekuambia ofisi yako siijui hata ilipo. Siku hizi mlinzi wenu wa getini ananiulizia watoto.

Gari lenyewe ni dogo, la milango minne, rangi ya maziwa. Limeegeshwa kibandani, ubavuni mwa nyumba yetu, juu ya matofali kumi na sita, pua ikielekea ukutani. Ni mali ya baba yangu, dereva mstaafu wa kampuni, ambaye mtaa mzima unamwita Indiketa kwa sababu hata akitembea kwa miguu hunyoosha mkono kabla ya kukata kona. Injini tuliiuza miaka tisa iliyopita kwa mwenye mashine ya kusaga nafaka, dada yangu alipougua, na mpaka leo inasaga vizuri sana. Tangu hapo baba huingia garini kila siku saa kumi alasiri. Hufunga mkanda, hurekebisha vioo, hushika usukani, na hushuka jua likikaribia kuzama, amechoka kama mtu aliyetoka kazini. Ukimuuliza habari za safari, atakuambia barabara ilikuwaje.

Naomba isieleweke kwamba baba amepungukiwa na akili. Injini anajua haipo. Aliyeifungua kwa spana ni yeye.

Miaka yote hiyo aliyekuwa akihuisha usajili ni marehemu mama. Wakati huo mtu alilipa ada, akagongewa mhuri, akapewa stika. Hakuna aliyemuuliza gari liko wapi. Mama alituacha mwaka jana. Mwezi wa tatu mwaka huu baba aliingia garini kama kawaida, akasoma tarehe kwenye stika ya kioo cha mbele, akashuka, akafunga mlango kwa ufunguo. Nikamwambia, "Baba, kaa tu. Nani atakusimamisha hapa?" Akanijibu, "Injini ni shauri la gari. Stika ni shauri la dereva."

Hajaingia tena. Ndipo safari zangu za kuja kwako zilipoanza, na malalamiko yangu ni haya:

1. Masharti. Ukutani kwenu kuna karatasi ya masharti sita ya kuhuisha usajili. La tatu, la nne na la tano yamefunikwa na kalenda. Nilikuja na vitu vya sharti la kwanza, la pili na la sita, yaani kadi ya gari, kitambulisho na picha mbili, nikarudishwa. Karani wa dirisha la nne aliniambia, "Masharti yako wazi, mzee wangu, soma ukutani." Nikamwonyesha kalenda. Akaitazama kwa muda, akasema, "Kumbe mwezi umeisha," akageuza ukurasa, akarudi kukaa.

2. Ukaguzi. Sharti la tatu, nilipolifikia kwa kuinua kalenda, linataka gari lifike kwenye uwanja wa ukaguzi kwa nguvu zake lenyewe. Nilimweleza mkaguzi hali halisi. Naye, kwa wema wake, akaja nyumbani wakati wa mapumziko ya mchana. Aliwasha taa, zikawaka, kwa kuwa betri tunaichaji. Alipiga honi, jirani akatoka mbio kufungua geti lake. Mikanda ilikaza, vioo vilikuwa safi, na viti nilivishona mimi. Kwenye matairi aliandika kwamba matofali hayajapata kipara. Kisha akafungua boneti, akaifunga taratibu. "Fundi," akaniambia, "mwaka huu sijakagua gari salama kama hili. Haliwezi kumgonga mtu hata likitaka. Lakini fomu ina kisanduku cha injini, nami nina watoto." Tumefaulu vipengele kumi na tisa kati ya ishirini. Shuleni nilikofundishwa hizo ni alama za kupewa zawadi.

3. Ada. Ada yenu hupangwa kwa ukubwa wa injini. Kwa hesabu ya kawaida, ukubwa wa injini yetu ni sifuri na ada yake ni sifuri, nami nilikuja tayari kuilipa. Karani akasema kompyuta haipokei sifuri. Nikakubali kulipa kiwango cha chini kabisa. Kompyuta ikataka nambari ya injini. Nambari iko kwenye injini, na injini iko mashineni. Nikaenda huko na kitambaa, nikaomba nifute unga ninakili nambari. Mwenye mashine akadhani nimekuja kudai mali yetu, akazima mtambo mbele ya foleni ya wateja, akasimama kati yangu na injini hadi nilipoapa. Nambari niliipata. Karani akaiingiza. Wiki iliyofuata ofisi yako ilimwandikia mwenye mashine barua ya kumtaka alete chombo chake kwenye uwanja wa ukaguzi, kwa nguvu zake chenyewe, kikiwa na mikanda ya abiria wanne. Sasa hanisalimii. Unga tunaufuata mtaa wa tatu, na mbebaji ni mimi.

4. Faini. Kila wiki inayopita faini ya kuchelewa inaongezeka. Sipingi sheria. Ila ningependa kuelezwa gari ambalo halijasogea hata unene wa kidole kwa miaka tisa limechelewa kufika wapi.

5. Mwenendo wa baba akiwa ndani ya nyumba. Hili pengine utasema halikuhusu, lakini chanzo chake ni dirisha la nne. Dereva aliyezuiwa kuendesha hakai bure. Baba sasa anaongoza magari kwenye ukumbi wetu. Mke wangu hawezi kutoka jikoni na sufuria mpaka aonyeshwe kiganja. Juzi alisimamishwa akiwa na beseni la nguo, akaambiwa amezidisha mzigo, arudi apunguze nusu. Binti yangu alipewa onyo kwa kupita mbele ya babu yake bila kuashiria. Usiku mmoja mke wangu alinikalisha kitako: "Mume wangu, mimi baba yako nampenda. Lakini ama yeye arudi garini, ama nihamie mimi." Nilikwenda kulipima lile gari. Kwa nyuma anaenea.

6. Fomu nyeusi. Hili ndilo lililonifanya nichukue kalamu. Karani, katika kutaka kunisaidia, alinipa fomu ya kulifuta gari kwenye daftari. Kichwa chake kimeandikwa kwa wino mzito: TAARIFA YA CHOMBO KILICHOKUFA. Masharti yake ni mepesi, sahihi moja na kurudisha vibao vya nambari, na faini yote inafutwa. Niliiacha mezani nikaenda kunawa mikono. Niliporudi, baba alikuwa ameivalia miwani. Aliisoma mbele na nyuma, maana yeye fomu huisoma yote, kisha akaikunja vizuri. "Mwanangu," akaniuliza, "na ya madereva ipo?"

Siku hiyo hakuongoza magari. Sufuria zilipita, beseni lilipita, hakuinua mkono. Mke wangu mwenyewe alisimama ukumbini na sinia la chai, akisubiri kuonyeshwa kiganja, na hakuonyeshwa. Alirudi jikoni akalia, akanituma nikuandikie.

Kwa hayo yote, Mheshimiwa Mkuu, naomba kwa unyenyekevu ofisi yako ianzishe daraja jipya la usajili, la magari ya kukaliwa. Ada yake ipangwe kwa ubora wa viti, ambao niko tayari kuuthibitisha kitaalamu. Mahali pa matairi pakubaliwe matofali, mradi yawe ya kuchoma. Kisanduku cha injini kisomeke "ipo, haipo, au iko kwingine". Na stika itoke mapema, ya rangi yoyote, ilimradi iwe na tarehe ambayo baba ataisoma na kuridhika. Sitaki upendeleo. Dereva huyu ameendesha miaka thelathini na minne bila kugonga hata ndoo, na sasa amesimamishwa na kalenda.

Nisalimie karani wa dirisha la nne. Kikohozi chake kile akakionyeshe kwa daktari. Msalimie mkaguzi na watoto wake, mlinzi wa getini, mama anayefagia ngazi nikiwa nimezikalia, na yule bwana wa pikipiki ambaye alinitangulia kwenye foleni mwezi wa nne na nadhani bado yupo.

Ni mimi, mwenye kusubiri kwa adabu,

Fundi wa makochi, mwana wa pili wa Indiketa.

Nyongeza: Barua hii niliiacha mezani nikaenda kununua bahasha. Baba ameisoma. Amenisahihisha herufi mbili kwa penseli, na pembeni ya lalamiko la pili ameandika, "Mkaguzi ana haki." Kisha alikwenda kibandani, akafungua gari, akaketi kiti cha nyuma. Nikamuuliza anafanya nini. "Abiria haulizwi stika," akasema. "Anayeulizwa ni dereva. Panda, twende."

Nilipanda. Leo ni siku ya nne. Mimi hushika usukani, yeye hunielekeza: punguza, hapa pana shule, shika upande wako, lori linakuja. Gari la kampuni aliloendesha halikuruhusiwa kupakia jamaa, na hili letu lilipokuwa zima mimi nilikuwa nikiishi mbali, kwa hiyo katika maisha yangu yote sikuwahi kusafiri na baba yangu. Jana tulikwenda mpaka mji ambao alikuwa amempeleka meneja wake siku niliyozaliwa mimi. Tulipofika akaniambia geuza, turudi nyumbani upesi. Akaniambia nikanyage mafuta, yeye ambaye hajawahi kumwambia mtu yeyote akanyage mafuta. Nilikanyaga.

Nakiri basi kwamba naendesha gari lisilosajiliwa, na faini iandikwe kwa jina langu. Lakini nimepiga hesabu: stika ikija, baba atarudi mbele, aendeshe peke yake kama zamani, na mimi nitabaki kibandani nikitazama. Hivyo, Mheshimiwa Mkuu, naomba ombi langu ulikatae. Na kabla ya kulikataa lipite madirisha yote sita, kwa mwendo wenu ule ule.