Jaji Aliyenigusa Miguu

Jumatatu, 6 Januari
Ukungu Patna nzima. Kesi yetu walimu ya kudai mishahara ni Ijumaa, na jaji ni nani? Vibhuti Ojha! Vibhuti wangu! Nilimfundisha darasa la nane, kiti cha dirishani, mapera mabichi mfukoni. Siku zile, jamani! Mvua inapiga bati, watoto wanaimba jedwali la kuzidisha la kumi na saba, na mke wangu ananiletea chakula. Bangili zake nilizisikia kabla sijamwona. Leo ziko rehani. Sonara kasema tukipata amri ya mahakama Ijumaa atasubiri, tukikosa, anaziyeyusha.

Jalada limeandikwa "Jha na wenzake". Mimi ni mwenzake tu! Vibhuti atajuaje? Lazima anione. Mwanafunzi akimwona mwalimu wake huinama akamgusa miguu, hata awe nani. Akishagusa yangu, ataninyima?

Jumatano, 8 Januari
Nimemweleza Mwalimu Jha, wa Kisanskriti. Kanuna. Eti kesi ni nzuri, tumwachie wakili Sinha. Wivu! Miaka yote tumekaa chumba kimoja cha walimu, na hakuna mwanafunzi wake aliyevuka ukarani. Mama Pintu naye: "Baba Pintu, hebu kaa nyumbani uote moto." Hawanijui hawa. Nimesugua nyayo kwa jiwe mpaka zimeng'aa. Nitavaa ndala, iwe baridi isiwe baridi.

Ijumaa, 10 Januari
Nilisimama koridoni tangu asubuhi, vidole vya miguu vimekufa ganzi. Mara tarishi huyo, na Vibhuti nyuma yake, joho jeusi, mvi kichwani. Nikakohoa kile kikohozi changu cha darasani. Akasimama wima! Kisha akainama, akanigusa miguu mbele ya mawakili wote. Akauliza kama bado nawarushia watoto chaki. Machozi yalinitoka, sifichi. Nilimwona mtoto yule yule wa dirishani. Nikamtupia jicho Jha. Uso kama kalamba ndimu!

Tukaitwa. Vibhuti akatazama upande wangu, akafunga jalada polepole. Akasema yule ni mwalimu wake, haki haimruhusu kuisikiliza kesi hii. Iende kwa jaji mwingine. Aprili!

Sinha akajishika kichwa. Kesi iliyofuata ilikuwa ya walimu wa Siwan, madai sawasawa na yetu. Walipwe ndani ya mwezi! Jha akanisogelea sikioni: "Umefurahi, bwana mkubwa? Si umeguswa miguu?"

Jumapili, 12 Januari
Sonara kaziyeyusha bangili. Mama Pintu hakunigombeza. Kaleta sinia la chakula, nikashtuka kumwona kasimama mbele yangu, sikumsikia akija. Nimeshindwa kula. Zilikuwa za mama yake.

Jioni kaja Jha. Jaji mpya ni mama mmoja wa Ranchi, hamjui mtu hapa. "Mishra, ndugu yangu, nakupigia magoti, safari hii tulia kwako." Nikaapa, mkono kifuani. Nilikuwa nalia kweli.

Akiwa mlangoni akaropoka kwamba mume wa huyo mama ni daktari, mzaliwa wa Ara. Ara! Si nilifundisha huko miaka miwili, kabla ya kuoa? Nimeteremsha picha zote za darasa. Mstari wa nyuma yupo mmoja mwenye masikio makubwa, na masikio yale ni ya kidaktari kabisa. Kesho alfajiri naenda kumjulia hali.