Mafuta Yasiyoshiba: Ombi la Haraka kwa Kamati ya Istilahi

Mheshimiwa Mwenyekiti,
Kamati ya Istilahi za Sayansi.

KUH: KUONDOLEWA KWA NENO "YASIYOSHIBA" KATIKA KEMIA, IKIWEZEKANA KABLA YA ALHAMISI

Nimeandika "Mheshimiwa" baada ya kufikiri sana. Mwanzo niliandika "Ndugu", nikaona nimejipa undugu ambao sikualikwa. Nikaandika "Mpendwa", nikaona huko ni kuvuka mpaka kabisa. Kama cheo chako ni kingine, naomba ukisome hicho mahali pa hiki.

Kichwa cha barua hapo juu kingeweza kujieleza chenyewe. Lakini neno lililoachwa lijieleze lenyewe ndilo lililoniponza, kwa hiyo niruhusu nieleze.

Mimi ni karani wa lebo katika kiwanda cha mafuta ya kupikia, na bado niko kwenye majaribio. Kazi yangu ni kuhakikisha kwamba kila kilichoandikwa kwenye chupa kinasomeka, hakina makosa ya herufi, na hakitatupeleka mahakamani. Hivi karibuni kiwanda kilianza kutoa mafuta mapya, mepesi, mazuri kwa moyo. Mkurugenzi akaniita ofisini kwake. "Wewe si umesoma kemia?" akaniuliza. "Haya mafuta yana jina la kitaalamu. Litafutie Kiswahili, uliweke kwa herufi kubwa, watu waone tumeendelea."

Nikafungua kitabu chenu cha istilahi, ambacho nakiheshimu na nimekivalisha jalada la nailoni. Humo mmeandika kwamba mafuta ambayo kaboni zake bado zina nafasi ya kupokea hidrojeni yanaitwa "yasiyoshiba", na yale ambayo nafasi zote zimejaa yanaitwa "yaliyoshiba". Sikuongeza wala kupunguza. Niliandika MAFUTA YASIYOSHIBA, Mkurugenzi akatia sahihi huku akiongea na simu, na mzigo ukatoka.

Tangu hapo sina raha. Malalamiko yangu ni haya yafuatayo, na kama yamezidi naomba radhi mapema.

1. Neno hili halikwenda kemia peke yake, lilikwenda na ukoo wake wote. Huku nje ya maabara, mtu akishiba ananawa na kushukuru. Marafiki walioshibana ni wale wanaoambiana hata ya ndani. Mwili ulioshiba ni mwili wa kupendeza. Na mtu akianza kuwajibu wenzake jeuri, tunasema shibe inamsumbua. Maana zote hizi zimo kichwani mwa mnunuzi anaposimama dukani na chupa yetu mkononi. Ile ya hidrojeni haimo.

2. Kutokana na hilo la kwanza, mwenye duka mmoja alipiga simu na mimi ndiye niliyeipokea, kwa bahati mbaya. "Haloo! Mafuta gani mmeniletea? Wateja wananiuliza, hayajashiba, kwani mmeyanyima nini?" Nikamweleza kwamba mafuta hayo ni mazuri kwa afya. "Kijana, mimi nauza chakula. Nikimwambia mtu hiki hakishibishi, atakinunua kwa lipi?" Nikamweleza kwa upole kwamba lebo haisemi hayashibishi, inasema hayashibi, na kwamba kitenzi hicho hakina kiambishi cha kusababisha. Nikadhani ameelewa. Kisha akasema, "Mwalimu, njoo uchukue chupa zako."

3. Jambo hili limeingia hadi nyumbani. Naishi na shangazi yangu, ambaye ndiye aliyenilea. Daktari amemkataza mafuta ya kuganda kwa ajili ya moyo wake, akamwambia atumie haya mepesi. Nikampelekea chupa. Akavaa miwani, akasoma, akaiweka mezani polepole kama mtu anayeweka kitu cha msiba.

"Baba," akaniambia, "hivi mimi nimekukosea nini?"

"Hujanikosea, shangazi."

"Nimekulea ukashiba. Leo umepata kazi, unaniletea njaa ndani ya chupa?"

Nikachukua bahasha tupu nikamchorea kaboni. Nikamwonyesha kwamba kila kaboni ina mikono minne. Katika mafuta yaliyoshiba, kila mkono umeshapata cha kushika. Katika haya yasiyoshiba, kuna kaboni mbili zilizokosa hidrojeni za kutosha, kwa hiyo zimeamua kushikana zenyewe kwa zenyewe kwa mikono miwili miwili. Shangazi aliisogeza ile picha karibu na miwani.

"Hawa ndio wenye njaa?" akauliza. "Mbona wanasalimiana kwa heshima hivi? Nani amewasingizia?"

Niliikunja ile bahasha nikaitia mfukoni, Mheshimiwa. Chupa bado imefungwa. Nina wasiwasi kwamba lile kopo la mafuta ya kuganda halijatoka nyumbani bali limehamia chini ya kitanda.

4. Kantini ya kiwanda hupikia mafuta yetu wenyewe. Katika idara ya kufungasha yupo mzee tunayemwita Spika, kwa kuwa hajawahi kunong'ona. Alisimama katikati ya chakula cha mchana, chupa mkono huu na sahani mkono huu. "Jamani, someni! Kama mafuta yenyewe hayajashiba, sisi tutashiba saa ngapi?" Tangu siku hiyo kila mfanyakazi anadai sahani ya pili, na akikataliwa anaonyesha lebo. Mpishi amenitumia ujumbe kwamba nikapakue mwenyewe, mimi na kaboni zangu.

5. Mkurugenzi alimwita Mkemia wa kiwanda, akaniita na mimi. Nilisimama karibu na kabati la mafaili ili nisichukue nafasi.

"Kama hayajashiba, si myashibishe!" Mkurugenzi akasema. "Tatizo liko wapi?"

Mkemia ni mtu mtaratibu. Akajibu kwamba inawezekana: unapitisha hidrojeni ndani ya mafuta ya moto, hadi kila nafasi ijae.

"Halafu?"

"Halafu yanaganda, Mkurugenzi. Yakishiba hayatiririki tena, wala hayataki kuungana na kitu kingine. Yanakaa tu."

Mkurugenzi akafikiri. "Kama shemeji yangu," akasema.

Hakuna aliyecheka, kwa sababu hatukujua kama imeruhusiwa. Kisha akanigeukia. "Sikiliza, kijana. Alhamisi Bodi inakaa. Ama neno libadilike, ama karani abadilike."

Mheshimiwa, hapo ndipo barua hii ilipoanzia. Kazi hii ndiyo inayonunua dawa za shangazi. Nikiipoteza, atawaambia majirani kwamba nimefukuzwa na njaa, na kwa lugha mliyotuwekea atakuwa amesema kweli.

6. Nimejaribu kulifikiria suala hili mbele zaidi ya ajira yangu, nisije nikaonekana mbinafsi. Tukikubali kwamba chembe inaweza kuwa na njaa, ni lazima awepo mtu mwenye wajibu wa kuilisha. Spika ameshauliza kama chama cha wafanyakazi kinaweza kuisajili. Kesho asidi dhaifu itaomba likizo ya ugonjwa. Gesi ajizi itaandikiwa barua ya onyo kwa kutofanya kazi. Mlinzi wetu wa getini, aliyeniona nasoma kitabu chenu wakati wa mapumziko, ameniuliza kama hao radikali huru, chembe zinazorukia chochote kilicho karibu, wanafahamika polisi. Nilimwambia kwamba hawadumu muda mrefu. Naona jibu hilo halikumtuliza.

Kwa hayo yote, naomba Kamati ilifute neno "yasiyoshiba" na kuchagua mojawapo ya haya. La kwanza ni "mafuta yenye nafasi". Mkurugenzi amelisikia na kusema linafanana na tangazo la chumba cha kupanga, lakini ninyi ni wataalamu, huenda mkalitetea. La pili, kwa heshima ya shangazi, ni "mafuta yenye adabu". Na kama neno haliwezi kubadilishwa kabisa, basi naomba ibadilishwe kemia. Kaboni ingebaki na mikono mitatu, nafasi zingejaa mapema na ugomvi ungekwisha. Natambua kwamba hili huenda liko nje ya mamlaka ya Kamati, lakini sijui ofisi inayohusika na sikutaka kusumbua wengi.

Naishia hapa kabla sijaongeza kosa. Nawasalimu wajumbe wote wa Kamati, katibu wenu, mchapaji wa kitabu, yeyote mwenye kazi ya kufungua barua hizi, pamoja na aliyelipendekeza neno hili mara ya kwanza, ambaye sina kinyongo naye. Wasalimie nyumbani. Shangazi naye anawasalimu, ingawa aliniambia nisiseme.

Ni mimi, ninayesubiri huku nimesimama,

Karani wa Lebo (wa majaribio)

Tanbihi: Barua hii haikutoka kwa wakati kwa sababu mwenye ufunguo wa droo ya stempu alikuwa na mafua, na mimi sikuthubutu kumsumbua. Leo ni Alhamisi jioni. Bodi imekaa.

Ilikuwa ikae kabla ya chakula cha mchana, lakini Mwenyekiti wa Bodi alichelewa, ikaamuliwa wale kwanza. Mpishi alijitahidi mno, kwa kuwa alisikia wageni ni wakubwa. Mimi tangu jana sikuweza kumeza kitu. Waliponiita nilisimama mlangoni na chupa mikononi kama kielelezo, na Mkemia akakaa kwenye kiti kilicho karibu nami.

Mkurugenzi akasoma: "Karani wa lebo. Inapendekezwa aondolewe. Nani anaunga mkono?"

Hakuna mkono ulioinuka. Niliwatazama wajumbe mmoja mmoja na nikaona sababu. Kila mkono ulikuwa umeshapata cha kushika. Mwingine ulikuwa juu ya tumbo, mwingine umeshika kijiti cha meno, mwingine umebeba kidevu. Mjumbe mmoja alikuwa amelegeza mkanda na macho ameyafunga.

"Jamani, nani anaunga mkono?" Mkurugenzi akarudia.

"Wewe endelea tu," sauti moja ikasema, na hatukujua ni ya nani.

"Niendelee na nini, mzee?"

Akajibiwa na mkoromo. Mkemia akaniinamia, akaninong'oneza, "Unaona? Hawaungani na kitu."

Na mimi, Mheshimiwa, ambaye sikuwa nimekula, nilikuwa tayari kuungana na chochote. Mwenyekiti wa Bodi alipozinduka na kuuliza nani amefunga dirisha, nilijibu kwamba ni mimi. Na sikuwa mimi.

Basi naomba Kamati isiliguse neno hili hata herufi moja. Ni sahihi kabisa, na anayelitilia shaka hajahudhuria kikao baada ya chakula. Malalamiko namba moja hadi sita naomba yasomwe kama pongezi. Kaboni ibaki na mikono yake minne.

Shangazi nimemsimulia mkasa mzima, nikamwonyesha kwenye ile bahasha mjumbe mwenye kijiti yuko wapi na mimi niko wapi. Alicheka hadi akavua miwani. "Kumbe aliyeshiba ndiye wa kuganda!" akasema. "Basi hayo yenye njaa niachie mimi, baba, bado nina kazi za kufanya." Chupa ameifungua jioni hii.

Limebaki jambo moja tu. Ajenda yangu haikufutwa, imeahirishwa. Bodi itakaa tena wiki ijayo, na safari hii ni asubuhi, kabla ya chai. Nimeomba ruhusa ya kuwaandalia wajumbe kitu kidogo watakapoingia, na Mkurugenzi amekubali kwa kuwa hakioni kwenye bajeti. Shangazi ndiye atakayepika. Kopo la mafuta ya kuganda, yaliyoshiba hadi mwisho, amelitoa mwenyewe chini ya kitanda na kuliweka mlangoni nisije nikalisahau. Anasema kwake limeshapigwa marufuku, lakini kwa Bodi lote litaisha siku hiyohiyo.