Saa Tisa ya Shemeji

Jumatatu, 9 Juni

Haki ya kukaa nchi hii niliipoteza Ijumaa, 11 Aprili, saa tatu asubuhi. Leo siku ya hamsini na tisa bila viza. Wala sikuipoteza mimi. Kaipoteza shemeji, kaka wa mke wangu, anayejitapa kuwa hata ndoto anaota kwa lugha ya hapa. Afisa wa uhamiaji alisema kwenye simu nifike tisa, kwa hesabu ya saa zao. Shemeji akanitafsiria: saa tisa. Nikaenda alasiri, nimepiga pasi mpaka soksi. Mlinzi akaniambia miadi ilikuwa asubuhi, faili limeshafungwa. Tangu hapo nikiona sare yoyote, hata ya mfagiaji, navuka barabara.

Leo nimemkabili shemeji. Ati na mimi nina kichwa, ningeuliza. Ati hata dada yake, huko nyumbani, alipopigiwa simu alicheka.

Jumanne, 10 Juni

Nimepata mpango. Nitasema siku ile nilikuwa mgonjwa. Mwenzangu wa chumbani hudeki kliniki fulani; nimemwomba karatasi yenye mhuri. Kaileta. Nimeijaza mwenyewe kwa mwandiko mbovu, kama daktari. Mapumziko ya siku tatu. Kazi safi.

Jumatano, 11 Juni

Wakili wa msaada wa bure ameisoma mara mbili. Akaniuliza kwa upole kama nilishachanjwa kichaa cha mbwa. Kumbe kliniki yenyewe ni ya mbwa na paka. Miaka minne yule bwege anadeki pale, asiseme! Nilipomfokea, akajibu kwamba niliomba mhuri, sikuuliza wa nani.

Wakili kaichana. Kasema limebaki la kuniokoa moja tu: shemeji aje kesho, aandike kwa mkono wake kwamba alikosea kutafsiri. Kesho ndiyo mwisho. Asipokuja, nifunge mizigo. Saa kaniandikia kwenye kadi: 9. Safari hii sihitaji mkalimani. Namba nazijua tangu utotoni.

Ujumbe niliompelekea shemeji naunakili hapa, uwe ushahidi:

Shemeji, utakiri au hukiri? Sitaki salamu, sitaki “tutaona”. Nijibu ndiyo au hapana kesho kabla ya saa sita mchana, nipate nafasi ya kupiga pasi. Miadi ni saa tisa alasiri, na ole wako uchelewe.