Kuhusu Kombe Mlilotuletea Subukia Bila Idhini ya Wazazi

Kwa Bwana Kang'ethe,
Mkuu wa Chuo cha Ufundi cha Bondeni,
Subukia.

Mheshimiwa,

Natumaini u mzima na ofisi bado ina nafasi ya kukaa, maana nasikia hilo kombe limewekwa juu ya meza yako. Mimi ni Trizah Chelangat, mfugaji na mjane, mamake Weldon, yule kijana mrefu mliyeahidi kumfundisha kufunga mabomba ya maji. Nimevumilia msimu mzima. Sasa naandika, kwa heshima zote.

1. Mwalimu wenu wa kuchomelea vyuma, Bwana Kimaiyo, alienda kusoma Marekani. Wengine hurudi na suti. Yeye alirudi na mpira wa Kimarekani, wa kubebwa mikononi, uliochongoka kama avokado, na kazi yake ya kwanza ikawa kuwaondoa wanafunzi wenu pale stendi ya bodaboda, walipokuwa wamejikalia vizuri tu wakicheza kamari, akawakimbiza mlimani kila alfajiri. Siku hizi sisi akina mama tunapita hapo kwenda sokoni na hakuna hata mmoja wa kututupia maneno. Tumezoea kuheshimiwa kwa kiasi, Mheshimiwa. Hii imezidi.

2. Katika mchezo huu mwanangu hashiki mpira. Nilidhani ameadhibiwa. Nikamwuliza, "Na wewe utapewa lini?" Akanijibu, "Mathe, kazi yangu si mpira. Kazi yangu ni Kipkemei apite." Yaani nimeuza ndama wawili ili kijana wangu asukumwe na kukanyagwa, halafu mtoto wa jirani afike mbele na kushangiliwa. Na akilala chini matopeni, anatabasamu. Tafadhali nieleze hayo ni masomo ya aina gani.

3. Hili ni la nyumbani, lakini chanzo ni chuo chako. Tangu tumzike babake, Weldon alikuwa kijana mtulivu sana. Alikula akanyamaza, akakamua ng'ombe akanyamaza. Majirani walimsifu kwa adabu. Mimi nilikuwa nimekubali kwamba sauti yake imeenda na marehemu. Sasa, kwa sababu ya Bwana Kimaiyo, anaongea. Anapanga vikombe mezani kunionyesha nani alimzuia nani, na chai yangu inapoa. Juzi alicheka hadi ng'ombe akapiga ndoo teke. Nani atanilipa maziwa?

4. Tena mkaanza kushinda. Chuo chetu ni kidogo, kila mtu anajua, na tulikuwa na sifa yetu ya kushindwa kwa utaratibu. Mkapiga Naivasha. Mkapiga Molo. Mkafika fainali Nakuru dhidi ya chuo kikubwa cha mjini, kilichokuja na basi lenye mapazia, nasi tukashuka kwenye lori la maziwa la ushirika. Wakatucheka, na ilikuwa haki yao. Mimi nilikuwa nimeenda kumtoa mwanangu uwanjani, kabla hajavunjwa. Hilo tu.

Mvua ikanyesha. Tulikuwa nyuma, na muda ulikuwa unakwisha. Kipkemei akapewa mpira, na mbele yake wakasimama vijana wawili wa mjini, kila mmoja kama mlango wa ghala. Weldon akawaingia wote wawili. Wakaanguka pamoja, na Kipkemei akapita juu yao. Hapo ndipo nikaona wakati wangu wa kumtoa Weldon umefika, nikaruka kamba ya kuzuia watazamaji. Sijui ilikuwaje, lakini miguu yangu ilimfuata Kipkemei hadi mstari wa mwisho, leso ikiwa mkononi. Refa akaniambia, "Mama, tafadhali, mchezo haujaisha." Nikamwambia kwa upole kwamba kwangu umeisha. Wakatuadhibu kwa ajili yangu. Tukashinda hata hivyo, jambo linaloonyesha jinsi timu hii isivyosikia.

5. Mwishowe, Weldon alinijia akiwa na tope hadi kwenye meno, akaniinamia, akasema, "Baba angeona." Hajawahi kulitaja jina hilo mbele yangu tangu mazishi. Nililia mbele ya wanawake wote wa kanisa letu, mimi ambaye hata kaburini nilisifiwa kwa kujikaza. Heshima hiyo imepotea na hairudi.

Kwa hayo yote, naomba: Bwana Kimaiyo aondolewe chuoni mara moja, kombe lirudishwe kwa wenye basi la mapazia, pamoja na barua ya kuomba radhi, na vijana warudi kwenye mabomba, kimya kimya, kama zamani.

Wasalimie walimu wote, mpishi wenu Emmy, na askari wa langoni ambaye hunifungulia hata nikija bila miadi. Mungu akupe busara ya kuamua haraka.

Mimi mzazi mwenye uchungu,
Trizah Chelangat.

Tanbihi: Barua ikiwa tayari kwenye bahasha, nimesikia kwamba chuo kimoja cha Nairobi kinamtaka Bwana Kimaiyo, na kwamba wewe umekubali aende. Mheshimiwa, kesho asubuhi mimi na wanawake wenzangu tutakuwa tumeketi langoni kwako na viti vyetu na chai yetu. Huyo mtu haendi popote.