Kuanzia Dirishani Kwenda Chini

Idara ya Kunasa Shida za Vijijini inayo furaha kuwatangazia wananchi kwamba shida za vijijini sasa zinapatikana katika picha angavu. Mnasaji ni mimi, mtengeneza filamu mwandamizi, mwenye stashahada, kizibao cha mifuko mingi na huruma ya kiwango cha taifa.

Kituo changu cha kwanza kilikuwa zahanati ambayo upepo ulikuwa umeezua paa la wodi ya wazazi. Nesi alinipokea ameshika mwavuli. Tulikuwa ndani.

"Piga juu kwanza, mwanangu," alisema. "Mvua ikinyesha hapa, mtoto anaoga kabla hajalia."

Nikampigia simu Mheshimiwa Waziri kuomba mwongozo.

"Shida ruksa, lawama hapana," alisema. "Watu wakiona paa halipo, watauliza nani alitakiwa kuezeka."

Nilielewa haraka, ndiyo maana nina cheo. Nilirekodi kuanzia dirishani kwenda chini. Vitanda vilitokea. Nesi alitokea hadi mabegani. Paa halikuonekana, na kitu kisichoonekana hakuna awezaye kuapa kwamba hakipo.

"Mbona umenikata kichwa?" nesi aliuliza alipoziona picha.

"Kichwa chako kinachochea, mama. Kila ukiongea kinaangalia juu."

Filamu ilisifiwa hadi nikaanza kujiamkia kwenye kioo. Idara iliipokea kama ushahidi rasmi, na ombi la paa likafutwa. Mheshimiwa akaamua kwenda kuizindua mwenyewe, mle mle wodini. Alikuwa ameitazama sana, hata habari ya paa ikamtoka kichwani.

Katikati ya hotuba yake mvua ikashuka kama imetumwa. Mto ukafurika, barabara ikafungika. Tukabaki wodini: yeye, mimi, nesi, na mzazi mmoja aliyekumbatia kichanga chake chini ya turubai.

Mheshimiwa akapiga simu idarani, suti imemganda mwilini. Vidole vilikuwa vimelowa, akabonyeza spika bila kukusudia.

"Nataka mabati hapa leo."

"Zahanati hiyo haina tatizo la paa, mheshimiwa," alijibu karani. "Ipo filamu."

"Unajua unaongea na nani?"

"Najua, mheshimiwa. Wewe ndiye uliyeiidhinisha. Labda uwasilishe picha mpya, kikao kitaitazama."

Akanigeukia. "Wewe. Elekeza hicho kidude juu."

Nikainua kamera. Kumbe inainuka. Muda wote huo nilidhani shingo yake imegomea kiwandani. Mheshimiwa akajipanga katikati ya picha, akavaa uso wa mwananchi aliyesahauliwa, maji yakimchuruzika puani. Sijawahi kupata mhusika aliyekuwa tayari kiasi hicho.

Nesi akamgusa bega.

"Sogea kidogo, baba," alimwambia. "Unaziba shida."